Nyumba ya Katoni ya Mzee Karel

Harufu ya gundi na supu ya kabichi ndiyo iliyotupokea kila asubuhi wiki zile za theluji huko Buffalo, katikati ya miaka ya elfu mbili na kumi. Mama alikuwa akimtunza Mzee Karel, Mcheki aliyepooza miguu, na kwa kuwa theluji ilikuwa imefunga shule, alinichukua pamoja naye. Theluji ilipanda hadi usawa wa dirisha, na mwanga ulioingia ulikuwa wa kijivu kama maji ya kuoshea vyombo. Mzee alikuwa amefungwa na miguu yake, mimi na baridi, na Mama na Kiingereza asichokijua. Mimi, niliyekwisha kukiokota shuleni, ndiye niliyekuwa mkalimani wao.

Kwao Praha, Mzee alikuwa msanifu wa mandhari za filamu. Alianza kwa kupaka rangi milango ya mbao, akapanda hadi kujenga majumba ya wafalme kwa plasta na magunia. Siku moja alimuuliza Mama nyumba yetu ya Kivu, kule milimani, ilikuwaje.

“Umuambie ilikuwa nyumba tu,” Mama alijibu kwa Kiswahili chetu cha Kongo, akiendelea kukunja shuka. “Bon, iliungua. Imeisha.”

Mzee akasimulia kazi yake ya mwisho ya filamu. Alijenga mtaa mzima kwa ajili ya filamu ya vita, akatundika mapazia, akapanga hadi vikombe kabatini. Kisha mtaa ukachomwa moto mbele ya kamera, watu wakapiga makofi, na yeye akalia. Watawala waliipiga marufuku filamu ile. Alitoroka nchi, na huku Marekani akaishia kupamba madirisha ya maduka hadi uzeeni.

Wahenga walisema kilio huanza mfiwa, wa mbali wakaingia. Siku ile aliyeanza alikuwa wa mbali. Nilipomaliza kutafsiri, Mama aliketi.

“Umuambie mulango ilikuwa mufupi. Mutu anainama ndiyo anaingia.”

Mzee akachukua kisu na katoni, akaanza kuiunda nyumba yetu. Kwa siku kadhaa Mama alimsahihisha: dirisha si hapo, jiko liko nje, paa literemke zaidi. Alicheka, kicheko ambacho sikuwa nimekisikia tangu tukiwa kwenye kambi ya wakimbizi. Mzee aliacha upande wa nyuma wazi, akaeleza kwamba kamera hupitia hapo.

“Hapana,” Mama alisema. “Afunge. Kwetu watu walikuwa wanalala ndani.”

Mzee akafunga ukuta, taratibu, akaushikilia kwa vidole hadi gundi ikakauka.

Alifariki kabla theluji haijayeyuka yote. Sisi tukahamia Louisville, na Mama bado anaishi Shively, kitongoji cha huko. Mimi niko Columbus, nafanya kazi katika ghala lisilo na dirisha hata moja. Nina gari, nina leseni, naweza kwenda nitakako, lakini kati ya zamu na usingizi sijui niende wapi. Wenzangu huvaa visikizi masikioni, kila mtu na rafu zake. Kule Buffalo tulifungiwa kweli, ila tulikuwa watatu.