Tahiri Bolivia na Minazi ya Mgeni

"Bolivia, Bolivia! Mjomba, leo namwoza mwanangu Hafsa. Nakuomba, leo tu, tupumzishe na hiyo Bolivia yako!"

Sabiri alisema hivyo kashika kisu, damu ya ng'ombe mpaka viwikoni. Tulikuwa uani kwake tunakata nyama ya pilau. Yeye ndiye mwenyekiti wa kijiji, kwa hiyo karibu kila mwanamume wa Kichangani alikuwepo. Mjomba anayeambiwa ni mzee Tahiri, kaka wa marehemu mama yake. Kakalia kinu kilichopinduliwa, nyama hakati, kageuzia sikio njiani.

"Mie Bolivia sijaitaja," akasema mzee. "Nimeuliza tu, lile lori la nguzo linakwenda wapi?"

"Si ndo ulikuwa unaelekea huko huko!"

Watu wakacheka. Hata mie nilicheka.

Kichangani ukimwulizia Tahiri, utaulizwa Tahiri yupi. Sema Tahiri Bolivia, mtoto atakufikisha mlangoni. Kijiji chetu kiko upande wa bahari ukishaiacha barabara ya Horohoro, na yeye ni fundi wa mashine za maboti, ana kibanda cha makuti pale dikoni, wanaposhushia samaki. Ujana wake aliumaliza melini, chini kabisa kwenye injini. Meli yao ikafa huko Amerika ya Kusini, bandari ya Antofagasta, nchi ya Chile, wakakaa wee wanasubiri kipuri. Akarudi na Kispanyola cha sokoni na kisa kimoja tu, lakini hicho kimoja katuchosha nacho miaka.

Kisa chenyewe ni cha dereva wa lori, Mbolivia, jina lake Eusebio, aliyekuwa akiteremsha mizigo bandarini kutoka milimani. Siku moja wako ufukweni, Eusebio kavua viatu, kaingia majini, kajaza chupa maji ya chumvi ampelekee mama yake. Analia. Tahiri akamwuliza, unalia nini na bahari hii hapa? Akajibiwa, "Hii ilikuwa yetu. Sasa napita kwa ruhusa."

Basi hapo mzee akianza hashikiki. Atakwambia Wahispania walivyofika wakakuta mlima wa fedha, Potosí, wakawatia wenyeji shimoni kwa zamu, vijiji hivi mwaka huu, vile mwaka ujao, na wengi walioingia hawakutoka wazima. Atakwambia Mhispania alivyoondolewa, Bolivia ikawa nchi, ina milima na ina pwani, lakini macho ya wakubwa yote kule juu kwenye fedha. Pwani ilikuwa jangwa, mchanga na mavi ya ndege, nani anaihangaikia? Wakaja watu wa Chile na matajiri wa Kiingereza wakaomba kuchimba. Chimbeni, ni mchanga tu. Kumbe yale mavi ni mbolea ya thamani, na chini ya mchanga mna chumvi ya kutengenezea mbolea na baruti. Wageni wakajaa mpaka wakawazidi wenye nchi. Mwaka 1879 Bolivia ikadai kodi ya senti kumi kwa mzigo, Chile ikashusha askari Antofagasta asubuhi moja, na wa kuwazuia hakuna. Peru akaingia kumsaidia jirani, naye akapigwa, akanyang'anywa pwani yake upande wa kusini. "Na wanasema," mzee atamalizia, kidole juu, "habari ilipofika milimani, watu walikuwa kwenye sherehe."

Na mpaka leo Bolivia wana jeshi la majini, lina ziwa tu. Hapo ndo tulikuwa tunamshika. "Mzee Tahiri, jeshi la majini bila bahari si kama kinyozi wa vipara?" Yeye hacheki.

Sasa turudi kwenye minazi.

Mwaka juzi alikuja bwana mmoja anaitwa Abdulghani, mtu wa Usagara mjini, mpole, mwepesi wa shikamoo, msikitini safu ya mbele. Akaomba kile kipande cha juu ya diko, apande minazi michache, watu wapate kivuli. Kwetu sheria ni ya wazee, haijaandikwa popote lakini kila mtu anaijua. Mgeni mpe alime mhogo, mpe alime ufuta, akivuna anyanyuke. Mti wa kudumu usimruhusu, maana mwenye mti ana pake. Lakini pale pana jiwe tupu, mchanga wa kiganja kimoja juu yake. Tukasema mwache ajichoshe, mnazi gani utaota pale? Sabiri akamkubalia palepale barazani msikitini, bila kikao. Tahiri peke yake ndo alisema, "Ni mchanga tu. Ndivyo walivyosema na wale."

Na kweli miche ilianza kufa. Jua la kiangazi likaikausha, mbuzi wakaja, Abdulghani haonekani. Kama tungeiacha hivyohivyo, yangekwisha. Aliyeshindwa kuiacha ni bi Tausi, mkewe Tahiri, akitoka kuwinda pweza mwambani. "Mti nao ni kiumbe," akasema, akaumwagia ndoo ya maji. Kesho yake wanawake wawili, halafu watano. Watoto wakapewa kazi ya kufukuza mbuzi. Masika inaingia, kila mche una makuti mapya. Tukajisifu, jamani, kijiji kina huruma hiki!

Ndiyo maana pale uani, lori la pili lilipopita na waya, Sabiri alikuwa na la kumjibu mjomba wake.

"Atakuwa anazungushia miche, mbuzi wasile. Na kama ni kosa, mjomba, aliyemwagilia ni mkeo."

Mzee akageuzia tena sikio njiani. Moshi wa kuni ukatupiga machoni.

"Twendeni tukaone," akasema. "Nipeni watu kumi tu."

"Nikaha baada ya adhuhuri! Na mchele tunaoupika katoa Abdulghani. Tule chake huku tunamvamia?"

"Kaja nao yeye?"

"Kautuma."

"Yeye yuko wapi?"

Sabiri akageukia nyama, lakini kisu kikawa kinapita palepale.

Mzee Tahiri akanyanyuka kwenda peke yake. Alifika mlangoni, tukasikia dufu. Watu wa bwana harusi wametoka Pongwe, wamejaa njia nzima na manukato yao. Babu mkubwa wa bibi harusi upande wa kike ni nani kama si yeye? Huwezi kuwapita wakwe mlangoni ukenda kutazama nguzo. Akarudi, akawapokea, akakaa nao. Ndoa ikafungwa, vigelegele, tukala. Pilau ilikuwa tamu, siwezi kusema uongo. Mara mojamoja upepo ukigeuka tulisikia nyundo kwa mbali. Wakati huo tulikuwa tunaongea kwa sauti zaidi.

Alasiri bi Tausi akaingia uani, kanga za harusi zimejaa mchanga. "Kumefungwa," akasema.

Tukakimbilia dikoni. Nguzo zimetoka kichakani mpaka kwenye maji, huku na huku, waya umekazwa. Kibanda cha mzee Tahiri kiko ndani. Minazi yetu imesimama mstari, inafika kifuani sasa, mizuri. Mlinzi ana adabu zake zote.

"Shikamooni wazee. Mwenye minazi kasema wenyeji msiwe na wasiwasi. Mtaruhusiwa kupita, asubuhi na jioni."

Sabiri akashusha pumzi, akatugeukia. "Si mnasikia? Tutapita! Maneno ya nini?"

Hakuna aliyecheka, wala hakuna aliyemwangalia mzee Tahiri.

Asubuhi yake tulipita kweli, mmojammoja, mlinzi anafungua, anafunga. Bi Tausi alipita na chuma chake cha pweza, akaambiwa akirudi aoneshe ndoo. Mzee hakuingia. Aliomba apewe kisanduku chake cha spana, akapitishiwa juu ya waya. Nilikuwa nimesimama na pikipiki yangu ya abiria, Sabiri akaja taratibu akachuchumaa karibu na mjomba wake, kanzu ya harusi ya mwanawe bado mwilini.

"Mjomba."

"Naam."

"Hao Wabolivia. Waliirudisha bahari yao?"

Mzee akawa anapanga spana, kubwa chini, ndogo juu. "Waliandikishwa mkataba, 1904. Mizigo ipite, bahari isiwe yao. Juzi juzi wakafika mpaka mahakama ya dunia."

"Ikawaje?"

"Wakaambiwa Chile hailazimiki hata kukaa nao mezani." Mzee akafunga kisanduku, akanyanyuka kwa kushika bega la Sabiri.

"Kuna mashine ya kusaga imegoma Pongwe, nimewaahidi," akasema. Akapanda nyuma yangu, kisanduku mapajani. "Twende, mwanangu."