Fimbo ya Mbele

Verlyn Skogen alikuwa mtu wa "si mbaya." Mahindi yakistawi, si mbaya. Mkewe Arvilla akitoa ovenini viazi na nyama vilivyomtoa jasho tangu asubuhi, si mbaya. Siku alipozaliwa binti yao, nesi alimwuliza anamwonaje mtoto. Akasema si mbaya, kisha akatoka kusimama kwenye theluji mpaka macho yakauke. Wanaume wa mji wao wa Nordby ndivyo walivyo, lakini Verlyn alizidi.

Kwa hiyo Chuo cha Solheim kilipotafuta mshika mnyororo, kilimpata mtu wake. Mpira wa huku hushikwa mikononi zaidi ya kupigwa teke, na timu hupewa majaribio manne ya kuusogeza yadi kumi, ikishindwa, inanyang'anywa. Yadi hizo hupimwa kwa mnyororo wenye fimbo kila ncha, na wanaoubeba ni watu wa mjini, ujira wao soseji na kahawa. Sharti ni moja: ukishavaa kizibao cha rangi ya chungwa, huna timu. Hushangilii, hununi, hufungui mdomo. Verlyn alishika fimbo ya mbele tangu enzi alipokuwa na nywele, na hakuwahi kupiga makofi hata mara moja.

Mwaka huo Solheim ilikuwa timu ya kuhurumiwa. Wachezaji walikuwa wachache mpaka wengine hawapati nafasi ya kunywa maji, na kila Jumamosi walifungwa. Naye Verlyn akaanguka kutoka kwenye ngazi ya ghala, akavunjika mguu, mavuno yakiwa yamewadia. Kama hilo halikutosha, upepo mkali ukaja ukalaza mahindi yake. Majirani walileta mashine zao za kuvunia, kama ilivyo desturi, lakini mashine haiokoti kilichoanguka chini, na theluji ilikuwa njiani. Bila mahindi yale ya chini, wasingefika mwakani na shamba lao.

Jumapili moja, baada ya ibada, basi la chuo likaingia uani. Timu nzima ikashuka na ndoo. Wa kwanza alikuwa Keondre, jitu la mstari wa mbele, mtoto wa jiji la Houston ambaye mahindi alikuwa akiyajua kwenye sahani tu.

"Mama, yanaokotwaje haya?" akamwuliza Arvilla.

"Kwa kuinama, mwanangu."

"Aa! Kocha hakusema habari za kuinama!"

"Kwa kitambi hicho, Keo, utainama wapi?" mwenzake akamchokoza. "Wewe kaa, tukuletee mahindi uyabariki."

Waliinama mchana kutwa, na Jumapili iliyofuata wakarudi. Verlyn aliwatazama kutoka dirishani, mguu kwenye plasta. Jioni Keondre alikuja kuaga, matope mpaka masikioni.

"Tumejitahidi, mzee. Unaonaje?"

Verlyn aliyatazama yale matope, kisha plasta yake. "Si mbaya," akasema.

Kijana akacheka, akaenda zake. Arvilla hakucheka.

"Watoto wa watu wamekuokolea shamba, Verlyn, wewe unawaambia si mbaya? Huna hata haya?"

Haya alikuwa nayo, tena nyingi. Kesho yake alijikongoja kwa magongo mpaka shambani, akafukua matope mstari baada ya mstari. Hakuona hindi hata moja. Hata kule mwisho kabisa, karibu na mtaro, ambako hakuna mtu angekwenda kuangalia, walikuwa wameokota yote. Alisimama pale peke yake akasema asante, na wa kumsikia hakuwepo. Tangu hapo akawa anatafuta namna ya kulisema neno hilo mbele yao.

Mechi ya mwisho ikafika. Plasta ilikwishatolewa, na Verlyn akachechemea na kizibao chake mpaka pembeni mwa uwanja. Mashabiki wa wageni walikuwa na habari zote. "Rudini mkaokote mahindi!" wakaimba.

Dakika za mwisho Solheim walikuwa nyuma kwa pointi mbili tu, jaribio la nne. Keondre akafungua njia kwa kifua, mwenzake akajitupa na mpira, watu wakarundikana juu yake. Mpira ulipoonekana, hakuna aliyeweza kusema kama umefika. Mnyororo ukaitwa.

Mwamuzi akashika ncha ya nyuma. "Kaza, Verlyn."

Akiulegeza kidogo tu, mpira umepita. Hakuna jicho lingeona; mkono wake tu ndio ungejua. Keondre alikuwa amepiga magoti kando ya mpira. "Tupe, mzee," akanong'ona. "Tupe hii moja."

Verlyn alitamani kuwapa. Lakini akaukumbuka ule mstari wa mwisho, karibu na mtaro. Akaukaza mnyororo mpaka ukalia.

Mpira haukufika, kwa upana wa kidole tu.

Wageni wakachukua mpira, muda ukaisha, filimbi ikalia. Hapo Verlyn akavua kizibao, akakitupa kwenye nyasi, akapaza sauti aliyozoea kuwaitia ng'ombe wake: "Solheim! Solheim! Asanteni, wanangu! Asanteni!" Uwanja mzima ukageuka. Jukwaani Arvilla aliziba mdomo kwa mkono. Miaka yote ya ndoa hakuwahi kuisikia sauti ile ikitumika kwa watu.

Keondre akamjia, kofia ngumu ya mchezo mkononi, macho mekundu.

"Mzee, tumefungwa."

"Najua. Si mimi niliyepima?"

"Sasa unashangilia nini?"

"Nyinyi."

Kijana akamtazama, halafu akamtazama yule mwamuzi aliyekuwa akikunja mnyororo. Akajifuta uso. "Na mchezo wetu? Umeuonaje?"

Verlyn akafungua mdomo, na lile jibu lake la siku zote likakataa kutoka.

"Mzuri," akasema, akilia mbele ya Nordby nzima. "Mzuri sana, mwanangu."