Nilibasingizia basoda

Na hii vita ya Katanga, juzi taa ilipozima kwetu ku mutaa wa Kenya, nilitoka mu lupango ya nyumba nikatukana basoda benye bunduki kwa sauti: "Banatukatia kuran ya umeme!"

Bibi yangu akaniuliza: "Mbona kwa jirani taa inawaka?"

"Basoda banachagua nyumba!" nilimujibu kwa hasira. Mupumbavu mukubwa, mimi.

Baba ya bibi yangu, fundi wa kuran, alikuja kuangalia. Alizima konteri ya umeme, akapanda ku plafon, juu ya dari, akashuka na waya nilizounganisha mimi mwenyewe kwa kitambaa.

"Waya inafungwa na utepe wa mpira," alisema, "haifungwe na nguo."

Nilijitetea kwamba utepe umekosekana mu maduka yote. Alifungua kile kitambaa kilichoungua nusu, akakinyoosha polepole.

"Mukwe, hii si kravati ya ku shingo nilikupatia ku ndoa?"