Madebe ya Bwana Eliya

Juzi mjukuu wangu kafungua dumu la ulanzi, pombe yetu ya mwanzi, jikoni, likatema povu, na ile harufu, tamu kwa mbele, chachu kwa nyuma, ikanirudisha kijijini kwetu Ipogolo, miaka ya hamsini. Mwenyewe katoka semina, eti kiongozi wa biashara lazima awe mbunifu. Nikaguna tu. Wabunifu nawajua mimi.

Nilimjua Bwana Eliya, mwenye duka, mtu wa kofia ngumu, nadhani hata kulala alilala nayo. Mama yangu alikuwa mjane, na aligema ulanzi mwenyewe, kazi ya wanaume ile. Watu wakasema, wakachoka. Asubuhi na jioni anakata ncha ya mwanzi mchanga, anatundika kikombe. Ukiwa mbichi tunauita mtogwa, hata watoto tulipewa. Kesho yake unang'ata. Aliubeba kwa vibuyu, mdomoni kachomeka majani, si kizibo.

Masika yale aliniambia, "Mgemo wa kwanza ni wako, mwanangu. Ndio utakaokulipia ada ya darasa la tatu."

Basi Bwana Eliya akawakusanya akina mama, akajifanya kiongozi wao. Atapeleka mtogwa Chimala kwa lori, kwa wakulima wa mpunga, ufike mtamu vilevile. Mpaka hapo sina neno. Lakini kichwa chake hakikutulia. Kinachochachusha ni hewa, akasema. Mtogwa ukamiminwa kwenye madebe yake, akaleta fundi, midomo yote ikachomelewa kwa risasi, hata sindano haipiti.

Mama akamsalimu kwanza, "Kamwene, Bwana Eliya. Ulanzi unapumua, baba. Ukiubana utakuaibisha."

"Mama Tulla, wewe gema. Kufikiri niachie mimi."

Akina mama wenzake wakamvuta khanga anyamaze. Akanyamaza. Kwa hilo nilimlaumu miaka mingi, kumbe mgemo wetu ulishamwagwa kwenye debe la yule bwana, na malipo mpaka uuzwe, angeutoaje?

Asubuhi lori likapakiwa, gurudumu likapasuka, dereva akaenda kutafuta kiraka. Jua likapanda. Madebe yakaanza kuvimba, yakilia ko, ko, kama kuku anayetafuta pa kutagia. Bwana Eliya akapanda juu ya lori, akayakalia! Naapa, aliyakalia, yasivimbe. La kwanza likampasukia chini ya makalio. Yakafuata mengine. Kofia ikaruka, povu likamvaa mpaka kope, na nyuki wa Ipogolo nzima wakaja kumpongeza.

"Mmegema vibaya!" akapiga kelele, akikimbia. "Mmeniharibia wazo langu!"

Bibi mmoja akamjibu, "Rudi ulichukue, liko hapa linatiririka!"

Nilicheka nikalala chini. Nilimwona mama amesimama, mikono kifuani, hacheki, nikamwona mwanamke mkavu asiyejua utani.

Yule bwana hakuona haya. Kila alipokaa aliitwa mtu wa mawazo mapya, akaongoza hiki na kile, na mawazo yakazidi kupasukia wengine. Mama, aliyegundua majani yapi huacha ulanzi upumue bila kumwagika njia nzima, hakuitwa mbunifu hata siku moja. Hakuitwa kwenye kikao chochote.

Shule zilipofunguliwa, wenzangu walipita mlangoni kwetu na magauni mapya, wananiita. Mama akatoka kuwaambia waendelee tu. Nikiwa nyuma yake, na jembe mkononi, ndipo nikaelewa siku ile ya madebe nilikuwa nacheka nini.