Aliyeficha Risoto Kwenye Kochi Letu

Mwanzo tulidhani ni panya aliyekufa.

Ilikuwa Jumatano. Nyumba yetu ya Woodley ilikuwa imefungwa tangu asubuhi, na nilipofungua mlango ile harufu ilinipiga usoni nikarudi nje. Haikuwa ya takataka. Ilikuwa na utamutamu fulani ndani yake, ule wa kukufanya umeze mate halafu ujute kuyameza.

Mume wangu Mbuthia alirudi kutoka kazini, akaziba pua kwa tai.

"Babe, kuna mtu amekufa hapa ama?"

Tukasogeza friji. Tukasogeza kabati. Nikamwaga dawa ya choo hadi varanda. Wapi! Mwishowe nikaanza kung'oa mito ya kochi.

Hapo ndipo nilipoikuta. Moja ya zile tishu zenye maua nilizonunulia wageni, imekunjwa vizuri na kusukumwa ndani kabisa. Nikaifungua.

Kamba wa baharini na vipande vya ngisi, vimegandamana na wali uliogeuka kijivu. Na funza. Funza wanene, wakijinyonganyonga kwenye krimu yangu.

Nilitapika hapo hapo kwenye zulia.

Ngoja niwarudishe nyuma kidogo. Jumapili iliyotangulia, mama yake Mbuthia alikuja kwetu kwa mara ya kwanza tangu tuoane. Ni mama wa Mutuini, wa ng'ombe na sukuma wiki, na mimi nilitaka kitu kimoja tu: arudi kwake akisema mwanawe ameoa.

Badala ya kupika pilau kama mtu mwenye akili timamu, nikaamua risoto, ule wali wa Kiitaliano. Mbuthia aliwahi kuila Westlands na wakubwa wake wa kazi, akaisifu wiki nzima.

Video niliyoifuata ilisema mchele wake hauoshwi. Mchele! Hauoshwi! Nikafumba macho nikatii. Unaukaanga na kitunguu, unaongeza supu upawa mmoja mmoja, unakoroga mpaka mkono ufe ganzi. Mwisho krimu na jibini.

Kamba nao unawapasua mgongo kutoa uzi mweusi. Ule uzi ni mavi, jamani. Nimesimama jikoni na kijiti cha meno nikitoa mavi ya mdudu wa baharini, huku nikijiambia haya ndiyo mapishi ya watu wa maana.

Ile kitu inatakiwa kuliwa ikitoka tu motoni. Lakini mama akasimama kuombea chakula. Akatuombea sisi, akaombea majirani, akaombea mvua na ng'ombe wake mwenye mimba. Aliposema amina, ungechomeka mwiko kwenye ile sufuria na usimame wenyewe.

Akachukua kijiko, akanitazama kwa upole.

"Shiru, huu ni mchele wa uji ama wa wali?"

"Ni risoto, mum. Ya kizungu."

Akala. Polepole, amefumba macho, nikadhani bado anaomba. Mbuthia alikuwa kando yake kwenye kochi, akimwaga sifa.

"Babe, hii kitu ni moto! Hebu niongezee."

Nilimwongezea, nikaenda kuleta chai. Niliporudi sahani zote mbili zilikuwa tupu. Furaha niliyokuwa nayo siku hiyo, hata vyombo nilivyoviosha niliviosha nikiimba.

Sasa Jumatano, Mbuthia akaitazama ile tishu yenye funza, akatikisa kichwa.

"Aki mum! Na ushamba yake. Si angesema tu?"

Kweli, ilikuwa upande aliokaa mama. Nikapiga simu hata kabla sijafuta matapishi.

"Mum, kama chakula yangu ni mbaya, si ungeacha tu kwa sahani? Kunifichia kwa kochi kweli?"

Nikasikia ng'ombe akilia huko kwake.

"Ni mimi, Shiru," akasema. "Nisamehe, nilishindwa. Lakini usigombane na Mbuthia juu ya hiyo."

Sikusamehe. Nilimwambia dada yangu, nikawaambia wanawake wa ofisini, tukamcheka mpaka machozi. Jumamosi alinitumia maziwa kwa boda boda kama kawaida yake. Nikayamwaga kwenye sinki. Mikono ile ilinitia kinyaa.

Mwisho wa mwezi nikapika risoto tena, maana mume wangu si alisema ni moto? Tulikuwa wawili tu. Niliinuka mara moja kutafuta pilipili, nikarudi sahani yake inang'aa.

"Umemaliza?"

"Babe, nimebakisha kuramba sahani tu!"

Siku chache baadaye, ule uvundo ukarudi.

Safari hii nilikwenda moja kwa moja kwenye kochi. Hakuna kitu. Nikafuata pua yangu mpaka kwa woofer, ile spika kubwa ya TV. Nikainua, nikatikisa. Tundu la kando likatema kamba mmoja mwekundu, mlaini, akadondoka kwenye kidole cha mguu wangu.

Mbuthia alikuwa mlangoni.

"Mbuthia. Mum alikuja lini?"

Akatazama woofer. Akatazama mguu wangu.

"Babe, ningesema ungeskia vibaya."

"Na mum, hakuskia vibaya?"

Kikulacho ki nguoni mwako. Nilikuwa nimemwona mwanamume huyu akimwita mama yake mshamba, huku akijua mwenye tishu ni yeye mwenyewe. Wale funza hawakunichefua hivyo.

Kesho yake nilienda Mutuini. Nilimkuta akikata nyasi za ng'ombe, nikaomba msamaha nikilia. Yeye akacheka.

"Huyo! Akiwa mdogo alikuwa anaficha ndengu kwa gumboots za baba yake. Siku hiyo kwenu nilimwona kabisa."

"Sasa mum, mbona ulikubali ni wewe?"

Akaweka panga chini.

"Ukinikasirikia mimi, mimi niko huku Mutuini. Ukimkasirikia yeye, mnalala kitanda moja."

Nikamuuliza yeye sahani yake aliipeleka wapi.

"Nilikula yote. Ilikuwa mbaya, Shiru! Ngai! Nilitapika nikifika kwa gate. Lakini si ni wewe ulipika?"

Wapendwa, anayekusifia sana usikimbilie kumwongezea. Inua mto wa kochi kwanza.

Siku hizi mama akija napika ndengu na chapati, tunakula sote wawili tukicheka.

Mbuthia yeye ana sufuria yake ndogo ya risoto. Nampakulia ikijaa, namwekea tishu yenye maua, kisha nakaa kando yake mpaka amalize.