Mwenzake Dalmar wa Zimamoto

Dalmar Billow alianza kuogopa moto akiwa kijana Eastleigh, Nairobi, siku duka la mjomba wake lilipoteketea huku mtaa mzima umesimama, hauna maji. Hofu hiyo ndiyo iliyompeleka kazini. Familia ilipohamia Uholanzi, kisha Birmingham, aliomba nafasi ya zimamoto akaipata, akavuta mipira ya maji mpaka goti likamkataa. Wakubwa wakampa kazi ya kukagua nyumba, kufunga ving'ora vya moshi na kuwaonya wapangaji wasirundike vitu kwenye ngazi.

Mwaka 2018, majani yakianza kupukutika, aliingia kwa mama mmoja wa mtaa wa Sparkbrook aitwaye Nurto. Mama akamimina chai vikombe viwili.

"Kimoja kinatosha, mama," Dalmar akacheka.

"Na mwenzako je?" Nurto akauliza, akitazama mlangoni. "Ama wazungu wazee hawanywi chai ya maziwa?"

Dalmar alikuwa amekuja peke yake. Akajiambia macho ya mama yamechoka. Lakini siku chache baadaye, muuza vitambaa wa Stratford Road alimpa mkono, kisha akaunyoosha tena kwa mtu nyuma yake, akabaki ameuning'iniza hewani, uso umemshuka. Tangu hapo Dalmar hakupenda kugeuka nyuma akiwa kazini.

Ndipo akatumwa Winson Green, kwa Lucie, Mkongo wa Bukavu aliyekuwa akiishi na watoto wake mtaa wa karibu na gereza. Dalmar alikuwa jikoni akijaribu king'ora Lucie aliposhuka na nguo za kufua.

"Papa, ule mukubwa wako atashuka saa ngapi?"

"Mkubwa gani?"

"Ule muzee ya koti murefu, ya vifungo vya shaba. Namusalimia, hajibu. Ameweka mukono ku armoire yangu, eko analia."

Dalmar aliweka king'ora mezani. Akapanda ngazi. Chumba kilikuwa kitupu, baridi, kinanuka majivu yaliyolowa, harufu ya nyumba siku ya pili baada ya kuungua. Akalisukuma kabati la nguo. Nyuma yake rangi ya ukuta ilikuwa imegeuka kahawia. Akaweka kiganja, akakirudisha haraka. Ukuta ulikuwa unachoma.

"Mama Lucie! Chukua watoto, tokeni! Viatu mtavaa nje!"

Walikuwa ng'ambo ya barabara ukuta ulipopasuka na moto ukamwagika juu ya vitanda. Jirani alikuwa akichoma kuni kwenye dohani ya zamani iliyojaa nyufa, ndani ya ukuta unaotenga nyumba hizo mbili, na boriti za ndani zilikuwa zikiungua polepole bila mtu kujua. Hakuna aliyeumia. Lucie alipiga magoti pale pale kwenye lami, akashukuru kwa sauti.

Sukhdev, mkuu wa kikosi kilichokuja kuzima, alisikiliza maelezo ya Dalmar huku akiivua kofia yake taratibu.

"Koti refu, vifungo vya shaba," akasema. "Wakuu wa zimamoto wa mji huu walivaa hivyo miaka mia iliyopita. Nilipoanza kazi, wazee walikuwa wakimtaja mmoja. Aliwaambia vijana wake ukuta fulani ni salama, waingie. Ukawaangukia, ukawaua. Akapandishwa cheo, akavishwa nishani, akatumikia mpaka uzeeni. Lakini hakuingia tena nyumba yoyote bila kugusa kuta zake, hata akialikwa chakula."

"Wewe unaamini?"

Sukhdev aliikumbatia kofia kifuani. Alikuwa anatazama nyuma ya bega la Dalmar, mahali pasipokuwa na kitu.

Jioni Dalmar alirudi nyumbani, ana masizi kwenye kola. Mkewe, Kowsar, akamfungulia, akampisha. Kisha akabaki ameushika mlango wazi, kichwa ameinamisha kwa heshima, kama anayempisha mgeni mwingine. Baridi ikaingia mpaka sebuleni.

"Kowsar," Dalmar akasema kwa sauti ndogo, "funga."

Akaufunga. Kutoka chumbani juu, kiganja kikasikika kikipapasa ukuta.