Hambali za Saa Saba

Munyiva ni mtoto wa dada yangu, na tangu azaliwe kule Katangi hajawahi kufundishwa kitu akakubali mara ya kwanza. Hata kutembea alianza akisukuma mkono wa mtu. Lakini kusoma kwa sauti alijua. Shuleni ndiye aliyesoma matangazo paredi, kanisani ndiye aliyesoma waraka wa askofu, mpaka wale wazee wanaolala wakati wa mahubiri wakaamka. Kwa hivyo kituo kidogo cha runinga hapa Machakos mjini kilipomchukua kwa majaribio ya mwezi mmoja, asome habari za saa saba mchana, sikushangaa. Alihamia kwangu Kyumbi na sanduku moja na mdomo wake.

Wiki ya tatu, Jumatano, akarudi amenuna.

"Ni nini?"

"Ni Erastus." Huyo ndiye mhariri wao.

"Amekutongoza?"

"Anti!"

"Nauliza tu."

"Amesema nikisema hambali tena Ijumaa, nisirudi Jumatatu."

Nilicheka mpaka nikashika ukuta. Si kwa ubaya. Sisi Wakamba herufi b haiwezi kutoka kwetu peke yake, lazima m iishike mkono. Baba ni mbamba. Nayo r tuliwaachia wenyewe, sisi tukabaki na l. Sasa mtoto wetu amepata kazi ya habari, na neno linalomshinda ni habari. Ni kama kuandikwa upishi na chumvi ikukatae.

"Na si hiyo tu," akasema. "Anataka kila sentensi nipande na sauti, nipande, halafu nishuke. Kama wale wasomaji wengine wote. Mimi siwezi kuwa kasuku, Anti. Niko na sauti yangu."

Hapo nilimuunga mkono. Hata mimi huwa nawasema hao watu. Funga macho, hamisha stesheni, hutajua ni nani anaongea. Wa mafuriko na wa mpira wimbo ni mmoja. Nilikuwa nauliza kama wote walinyonya ziwa moja.

Alhamisi hakuwa na zamu. Nikamwambia akae nyumbani anune, ama aje anisaidie kuuza maji. Akaja.

Pale ninapouzia barabarani magari hupunguza mwendo kwa matuta mawili, na huo ndio wakati wote ulio nao. Likaja la kwanza, nikakimbia nalo. "Maji baridi! Maji baridi hapa!"

Kurudi, nikampata Munyiva amesimama na ndoo ya chupa kama sanamu.

"Anti, rudia."

"Nirudie nini?"

"Vile umeita."

"Maji baridi!"

"Umesema baridi."

"Ulitaka niseme moto?"

"Umesema ba-ri-di! Jana usiku umeniambia chai yangu imekuwa mbalindi."

Ngui, anayeuza njugu kando yangu mwaka wa kumi na mbili sasa, akaegemea mbele. "Kaluki, hebu sema kama uko kwako jikoni."

"Mbalindi," nikasema, na sikupenda vile alicheka.

Ndipo nikakumbuka. Nilipoanza hii kazi niliita na sauti yangu ya nyumbani. Watu wa Nairobi walinicheka wakapita na kiu yao. Basi nikasikiliza wamama niliowakuta, nikashika wimbo wao: panda kwa maji, panda kwa ba, shuka. Hiyo b ikaja ndani ya wimbo, haikubeba m yoyote. Na ukifunga macho pale kwa matuta, sisi wote ni mama mmoja. Si kwamba hatuna sauti zetu. Mtu wa gari hana nafasi ya kunijua mimi ni nani. Anataka kujua ni maji. Na yule wa runinga ni hivyo hivyo: anakula, mtoto analia, jirani amebisha. Akisikia ule wimbo anajua ni habari, ananyamazisha mtoto.

"Hawakuchukulii sauti," nikamwambia Munyiva. "Hiyo ni aproni. Unavaa ukifika kazini, unatundika ukitoka. Kuna gari, kimbia."

Gari la kwanza alinong'ona. La nne akasema mbalindi, wamama wakashika mbavu. Akakasirika, na hasira ikamwondolea haya, akaanza kuimba kama sisi. Kabla ya saa sita baridi ilikuwa inatoka safi. Nikamwambia sasa abadilishe neno, wimbo abaki nao.

"Haa-ba-ri!" akaita. "Habari hapa!"

Abiria mmoja akatoa kichwa dirishani. "Habari ni nzuri. Maji je?"

Ijumaa saa saba nilikuwa hotelini kwa Abdiqani. Mkewe, Qaali, ndiye hukaa na rimoti.

"Qaali, tuwekee kwa kina Munyiva."

"Wateja wanataka mpira."

"Wateja gani? Ni mimi na Ngui."

Akaweka, akarudi kwa sambusa zake. Mimi kikombe nilishika bila kunywa. Muziki ukapigwa, msichana wetu akatokea na koti la bluu.

"Habari za saa saba."

Ngui akapiga meza. Munyiva akasoma juu ya kisima cha Ndithini, akasoma juu ya barabara: panda, panda, shuka, hakujikwaa popote.

Qaali hata hakugeuka. "Na Munyiva wenu anaingia saa ngapi? Huyu si ni yule wa siku zote?"

"Asante, Qaali," nikasema.

"Asante ya nini?"

Habari zikaisha, na kabla sijamweleza simu ikalia.

"Anti! Erastus ameniandika! Ati Jumatatu nifike mapema." Nyuma yake watu walikuwa wanacheka. "Sasa nipe hambali za huko."

"Nzuli," nikamwambia. "Nzuli sana."